Wamama Walioosha Kisima

Mama yangu alikuwa mwizi wa ardhi. Nasema hivi kwa mapenzi yote, na yeye mwenyewe akisikia atacheka kwanza ndipo anitukane. Kila mwaka, theluji ikishayeyuka na sisi kurudi kwenye bustani iliyo nyuma ya majengo yetu ya ghorofa ya barabara ya Dixon, tuta lake lilikuwa linaongezeka upana wa jembe kuelekea vichakani, ambako hakuna mtu aliyelima. Jirani hakumwibia hata siku moja. Aliiba kwa asiyekuwapo. Mwaka ninaousimulia alizidisha tamaa kidogo, jembe likagonga jiwe.

Bustani yenyewe si kitu cha kujivunia. Ni kipande cha ardhi kati ya maegesho ya magari na mteremko wa vichaka, ambacho wenye majengo waliwaachia wapangaji walime. Ndege za kutoka uwanjani hupita chini mno, hata unaacha neno katikati, unasubiri, kisha unaendelea pale ulipoishia. Lakini lengalenga, mchicha wa kwetu, inaota, maharage yanapanda, na kwa mama yangu hiyo ilitosha.

Naomba nieleze ilimtosha kivipi. Mama alizaliwa milimani juu ya Uvira, Kongo, akazeekea kambini Kigoma, kisha akaletwa kwangu Toronto, ghorofa ya tisa. Lifti aliiogopa. Baridi aliichukia. Watoto wangu wanakielewa Kiswahili lakini wanajibu kwa Kiingereza, kwa hiyo yeye na wajukuu wake walizungumza kwa kukadiria. Siku nzima alikaa kwenye kibaraza, koti juu ya kitenge, akitazama magari yakiegeshwa. Jumapili tulimpeleka kanisani, akaimba, tukamrudisha kwenye kiti chake. Mimi nafanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee, naujua uso wa mtu anayesubiri siku zipite. Kazini nalipwa kuutazama uso huo. Nyumbani, kwa mama yangu mwenyewe, ulinikata maini.

Aliyemwokoa ni jirani yetu wa ghorofa ya tatu, mama wa Kihindi mzaliwa wa Dar es Salaam, mwenye Kiswahili kitamu na mdomo usiolala. Yeye ndiye aliyemtafutia tuta bustanini na kumshika mkono ndani ya lifti mpaka akaizoea. Walipendana kwa kugombana. Kila mmoja aliamini kwamba mwenzake hajui kulima.

Hata hivyo bustani ni ya miezi michache, na mama alibaki mtu wa kibarazani. Mdogo wangu wa kiume anaishi Edmonton, mbali magharibi mwa Canada, ana nyumba yake yenye uwanja wa nyuma, na mlango unaofunguka moja kwa moja kwenye ardhi. Kila akipiga simu aliniambia mimi dada yake mkubwa, "Yaya, mama anakauka hapo kwako. Umulete kwangu." Neno hilo lilinichoma kwa sababu lilikuwa kweli. Masika hiyo mama mwenyewe alikubali. "Nikisha kuvuna," alimwambia kwenye simu mbele yangu, "nitakuja nikae kwako." Mimi niliendelea kukunja nguo. Nilitaka abaki. Sababu ya maana ya kumpa sikuwa nayo. Nilimtaka tu, nyumbani kwangu, na koti lake na manung'uniko yake.

Basi jiwe lile. Mama alilichimbua pembeni akitarajia kulitoa, nalo halikuwa na mwisho. Lilikuwa limechongwa. Alipokwangua udongo uliokuwa mbele yake akakuta jingine, chini zaidi, limelala vivyo hivyo. Alinipigia simu nikiwa ninatoka zamu.

"Kuko ngazi hapa," akasema.

"Ngazi ya nini, mama? Uko kwenye bustani."

"Basi ndiyo nasema. Kuko ngazi kwa bustani. Inashuka."

Nilifika nikamkuta amezungukwa na wamama wa kanisa letu wanaolima naye, Wakongomani na Warundi, kila mmoja na jembe lake na maoni yake. Vichaka vilikuwa vimeficha shimo refu jembamba lililojaa majani, matawi na matope ya miaka isiyojulikana. Ngazi za mawe zilishuka humo katikati ya kuta mbili za mawe, na ulipoinama ulipata harufu ya maji. Jirani wa Dar alisukuma watu akafika mbele.

"Aa, hiki kisima cha ngazi hiki," akasema. "Kule kwa mababu zetu Kachi, India, vipo, vikubwa kama msikiti. Mtu hateremshi ndoo, anashuka mwenyewe kwa miguu mpaka kwenye maji. Mimi sijaviona, lakini bibi yangu alikuwa havimwishi mdomoni."

"Kwa mababu zako ni mbali," mama akamjibu. "Hii nimeiona miye."

Baadaye tuliambiwa kwamba hakina uhusiano na vile vya Kachi, kwamba huenda ni kazi ya wakulima walioishi hapa kabla ya mji, waliojenga ngazi za kushukia kwenye chemchemi kuchota maji na kuweka maziwa yapoe. Wakulima wakaondoka, mashamba yakauzwa, majengo yakapanda, mtu mmoja akasukumia udongo hapo na kila mtu akasahau. Siku ile hatukujua lolote kati ya hayo. Tulichokiona ni chemchemi ya watu iliyoachwa ikachafuka, na mama yangu alikasirika kana kwamba walioiacha wamesimama mbele yake.

"Ni watu gani hawa!" alisema. "Maji ya watu inaoza hivi, na watu wanalala? Posho tunafanya salongo."

Kwa asiyejua, posho kwa Wakongomani ni Jumamosi, na salongo ni kazi ya wote. Kila nyumba inatoa mtu na fagio, barabara inasafishwa, mfereji unazibuliwa, na kule kwetu milimani chemchemi ndiyo ilikuwa inaanza. Kisima kichafu ni aibu ya kijiji kizima. Mgeni akikuta majani kwenye maji yenu atawasema kwao mpaka mshindwe kuoza binti. Hakuna aliyeuliza kama ruhusa inahitajika. Unaomba ruhusa ya kunawa uso?

Ile Jumamosi nitaikumbuka nikiwa mzee. Walikuja wamama na mabwana zao, wenye ndoo, mabeleshi, brashi za kusugulia sakafu. Tulijipanga kwenye ngazi, ndoo zikapanda zimejaa zikashuka tupu, na nyimbo za kanisani zikapandishwa kasi zikawa za kazi. Tulitoa majani. Tulitoa chupa za zamani, vyuma vilivyooza kwa kutu, vipande vya vyombo, gurudumu la kitu kisichojulikana, tukavitia kwenye mifuko myeusi tukavipeleka kwenye mapipa, na lori la taka likavichukua kama kawaida yake. Tulikwangua ukoga na kuvu ukutani mpaka mawe yakatoa rangi. Mtu mmoja alileta sabuni ya unga, mama akamfukuza nayo. Mchana, chini kabisa, maji yalianza kuingia polepole kutoka ukutani, ya matope, kisha ya kijivu, kisha meupe, na wamama wakapiga vigelegele mpaka watu wakatoka kwenye vibaraza ghorofa zote.

Matope hatukuyatupa. Nani anatupa matope meusi ya namna ile? Tuliyagawana kwenye matuta yetu, na hapo ndipo ugomvi ulipozuka, kwa sababu matope ya chini yalikuwa mazuri kuliko ya juu, na mama alitangaza kwamba ya chini ni yake aliyegundua kisima.

"Bi mkubwa, umegundua au umeiba shamba likakugundua?" jirani wa Dar akamuuliza.

"Niliiba, eh. Lakini niliiba mbele yako."

Akapata ya chini. Lengalenga yake ilipokea chakula hicho ikaota kwa fujo, majani mapana, na mama akaanza kushuka asubuhi kabla sijaamka, eti kuangalia. Aliangalia lengalenga, kisha alikwenda kukaa kwenye ngazi ya kisima na kufagia majani yaliyoanguka. Nilimwona kutoka juu, kitone cha kitenge chini kabisa, kinafagia. Simu ya Edmonton ikilia alikuwa ananipa mimi niipokee.

Sasa msimamizi wa majengo, ambaye bomba letu la bafuni lilivuja msimu mzima bila yeye kuonekana, alisikia habari za ngazi akaja mbio. Alipiga picha, akapiga simu, na siku chache baadaye akarudi na mwanamke mrefu mwenye kofia pana na buti zilizochakaa. Huyo alikuwa mwanaakiolojia, kazi yake kusoma watu wa kale kwa vitu walivyoviacha ardhini. Alipoiona ngazi ya kwanza uso wake ulifunguka, nami nikampenda. Akashuka taratibu akigusa ukuta kwa viganja. Alipofika katikati akasimama. Akatazama mawe yanayong'aa, akatazama maji meupe, akatugeukia.

"Nani amesafisha hapa?" akauliza.

Nikatafsiri. Mikono ilipanda yote, kama kanisani wanapouliza nani ameokoka.

Yule mwanamke akakaa kwenye ngazi akavua kofia. Ndege ikapita juu yetu, naye bado anayakodolea mawe macho. Mama akanivuta mkono.

"Mwambie hatudai kitu," akaninong'oneza. "Mwambie tulifanya bure."

Nilimwambia, na nadhani hilo ndilo lililomliza, maana alicheka na macho yake yakajaa maji kwa pamoja. Kisha akatueleza kwa utulivu. Udongo tulioutoa ulikuwa umelala kwa mpangilio, wa juzi juu, wa kale chini, na kila kitu kilichomo kilikuwa na mahali pake. Kwa mpangilio huo angejua nani alichota hapa na lini, walikula nini, walivaa nini, waliondoka lini. Sisi tulikuwa tumeikoroga miaka yote kwa beleshi, na nyingine tumeipeleka kwenye lori la taka huku tunaimba.

Mimi ni mtu wa hasira za karibu. Nilimwambia kwamba huo mpangilio ulikaa hapo siku zote watu wakiegesha magari karibu yake na hakuna aliyekuja kuusoma, mpaka mama yangu alipotaka pa kupanda mboga. Hakubishana nami. Alikuwa na haki ya kuhuzunika na mimi nilikuwa na haki ya kuudhika, na tulikaa hivyo, kila mtu na haki yake. Mpaka leo ukiniuliza nitakwambia chemchemi chafu husafishwa. Naelewa alichosema, lakini mkono wangu bado haujaelewa.

"Na matope?" akauliza. "Mliyapeleka wapi?"

Nilitafsiri. Nikaona macho yanageuka, moja moja, kwa aibu, kuelekea matutani. Kisha yote yakatua kwenye lengalenga ya mama yangu, iliyosimama pale imenona, imejaa ushahidi.

Mwanaakiolojia hakulazimisha. Alisema eneo la kisima litafungwa, hilo halina mjadala, lakini bustani ni yetu, na kwa matope ya matutani anaweza kuomba tu. Kama tukikubali, mimea ing'olewe, udongo upitishwe kwenye chekeche, na huenda wakaokoa kitu. Wamama wakaanza kusema wote kwa mpigo. Maharage yalikuwa yanatoa maua. Jirani wa Dar akauliza kama bilinganya zake nazo ni za kale. Moyoni mwangu mimi hesabu ilikuwa rahisi: mama alimwahidi mwanawe kwamba akivuna ataondoka. Bustani iking'olewa leo, mavuno ni leo.

Mama akaniuliza, "Anatafuta nini ndani?"

"Vitu vya watu waliochota hapa zamani. Anataka kuwajua."

"Walikuwa wamama?"

Nikamuuliza mwanaakiolojia. Akasema kuchota maji na kushughulika na maziwa, aghalabu ndiyo, walikuwa wanawake na watoto. Majina yao mengi hayakuandikwa popote.

Mama aligeuka akakitazama kisima. Mdomo wake ulikuwa unafanya kazi, kama kawaida yake akitafuta neno. "Kule kwetu tuliacha kisima," akasema, si kwa mtu yeyote hasa. "Tulitoka mbio, na kopo zetu zikabakia pale. Siku moja mutu atakuja kuchimba pale. Nataka ajue ni miye nilikuwa nachota pale, na dada zangu. Asiseme tu 'kulikuwa watu'." Kisha akaenda kwenye tuta lake, akainama, akashika shina la kwanza chini kabisa na kuling'oa. Alikung'uta udongo wa mizizini kwa uangalifu pale pale lilipotoka. Baada ya hapo akamnyooshea mwanaakiolojia kidole. "Lakini udongo wangu atanirudishia. Yote. Mwambie vizuri."

Nilimwambia vizuri. Wamama wengine wakaona haya wakafuata, na jirani wa Dar akawa wa mwisho, akizing'oa bilinganya zake huku anazisemesha. Jioni ile jengo zima lilinukia mboga. Tulipika lengalenga na mawese na samaki wakavu kwenye masufuria ya harusi, mwanaakiolojia akala na ugali kwa mkono, akaunguza vidole, akapigiwa makofi. Mama alikula kidogo. Nilimtazama nikijua anafikiria safari, nami nikala sana kwa huzuni, maana huzuni yangu haijawahi kuninyima chakula.

Wiki iliyofuata walileta machekeche makubwa yenye miguu, miiko ya fundi mwashi, hema, na wanafunzi waliopaka mafuta meupe ya jua puani. Akaja pia mama mmoja wa wenyeji wa asili wa nchi hii, wanaotuma mtu wao kila ardhi inapochimbwa namna hiyo. Kabla ya kazi aliweka tumbaku kidogo karibu na maji na kusema maneno kwa lugha yake. Mama alisimama kando ameinamisha kichwa. "Huyu ana adabu," akaniambia. Wakati wa chakula walikaa pamoja, wakipeana vipande vya mkate, kila mmoja akiongea lugha yake, na walielewana kuliko mama na wajukuu zake.

Ni mimi niliyemwomba mwanaakiolojia ampe mama kitu cha kufanya, angalau wiki hiyo. Akampa chekeche. Lo! Mama alilikamata kama ungo, akalirusha juu kwa mtindo wa kupepeta mchele, na wingu la vumbi likawafunika wanafunzi wote. Waliogopa. Msichana mmoja alimwonyesha kwa upole kwamba chekeche hilo haliruki, linasukumwa tu mbele na nyuma, na macho yasitoke kwenye wavu. Mama akanuna siku nzima. Kesho yake akashuka amejifunga kanga kiunoni akasukuma mbele na nyuma, polepole, akitazama. Kabla ya mchana alikuwa amepata kifungo cha mfupa.

Alikiweka kwenye kiganja akakigeuzageuza. Mwanaakiolojia alikuja, akakitazama, akamwambia kwamba ni cha nguo ya ndani ya zamani, huenda ya mwanamke. Nikatafsiri. Mama akapasuka kicheko mpaka akakaa chini. "Masikini, ilikatika akichota!" alisema. "Alirudi nyumbani ameshika nguo hivi!" Akasimama akaigiza, ndoo mkono mmoja na mwingine umeshikilia kiuno, anapanda ngazi za kisima kwa hatua za kubana. Wanafunzi hawakuhitaji tafsiri. Nilikuwa sijamsikia akicheka kwa sauti ile tangu alipofika Canada, na nililazimika kujifanya natafuta kitu kwenye mkoba wangu.

Baada ya hapo hakuna aliyeweza kumzuia. Alipata vipande vya sahani zenye maua ya buluu, shingo ya mtungi, kichwa cha mwanasesere mdogo wa kauri kisicho na pua. Kila kitu alikitungia mtu aliyekuwa nacho na ugomvi wake. Mwanaakiolojia alimsikiliza yote akicheka, akaandika kwenye kadi "kifungo, mfupa" na hakuandika ugomvi, kwa sababu hiyo ndiyo kazi yake. Aliniambia waziwazi kwamba sehemu kubwa imepotea na haitarudi, na kwamba wanachopata kinasema nani lakini hakisemi tena lini. Nilimheshimu kwa kutonidanganya. Hata hivyo yeye na wenye majengo walikubaliana kwamba kisima hakitajazwa tena. Kitawekewa uzio na lango, na bustani itahamia kando yake. Mama alipewa koti la rangi ya machungwa linalong'aa, akawa halivui hata kwenye lifti.

Edmonton ilikuwa bado inapiga simu. "Mavuno si yaliisha?" mdogo wangu aliuliza. Mama alimjibu, "Ngoja kwanza." Majani yakaanza kugeuka rangi, bado akasema ngoja. Mimi sikuthubutu kumuuliza. Niliogopa nikiuliza atakumbuka kwamba anatakiwa kuondoka. Mwishowe mdogo wangu akachoka, akaomba likizo, akanunua tiketi, akaja kumchukua mwenyewe.

Nilimpokea uwanjani tukafika nyumbani mchana. Aliingia ndani kwa sauti kubwa, "Mama! Mama eh!" akafungua chumba, akafungua kibaraza, akanigeukia na uso umebadilika. Kiti kilikuwa tupu. "Mama iko wapi? Anaumwa?" Nilimpeleka chini bila kumjibu, kwa ukorofi kidogo, nakubali.

Mama alikuwa ndani ya uzio na jirani wa Dar, wanavuta turubai kufunika kisima kwa ajili ya baridi, kila mmoja akimwambia mwenzake avute upande mwingine. Hakutusikia. Mdogo wangu alisimama langoni. Hakuwa amemwona tangu walipoagana kambini, na najua alikuwa amejiandaa kwa mtu mwingine kabisa, wa kusaidiwa kunyanyuka. Mama alipogeuka akamwona, aliachia turubai, akapiga yowe, akamkumbatia akalia, akamshika masikio yote mawili kama mtoto. Akamkagua juu mpaka chini. Halafu akamtia kamba mkononi. "Vuta," akamwambia, "huyu dada hana nguvu."

Tulikula pamoja jioni, watoto wakiwa wamebanana na mjomba wao. Mdogo wangu alisubiri mpaka sahani zikakaribia kwisha, akasafisha koo. "Mama, ndege ni kesho kutwa. Chumba chako iko tayari. Nimeweka na kitanda mpya."

Nilianza kukusanya sahani za watoto kabla hawajamaliza.

Mama alimaliza kutafuna. "Asante, mtoto wangu," akasema. "Umefanya vizuri. Nitakuja kuiona." Akachovya tonge. "Lakini si kesho kutwa. Kesho kutwa niko na kazi, tunabeba vitu kwenye gari ya yule madamu. Nitakuja wakati ya theluji nyingi, hapa kunakuwa hakuna kazi. Nitakaa kwako, nitakupikia." Kisha akaongeza bila kuinua macho, kana kwamba ni jambo la chumvi mezani, "Tiketi ununue ya kwenda na ya kurudi. Udongo wanarudisha mwezi wa tano, lazima nikuwe hapa."

Mdogo wangu alinitazama, nikamtazama. Niliinuka nikaenda jikoni kuongeza maji kwenye mchuzi ambao haukuhitaji maji, nikasimama pale mbele ya jiko nikalia kwa raha zangu mpaka mama akaita kuuliza kama nimekwenda kuuchota huo mchuzi kisimani.